Nilishindwa dau la antimaada, ndo nikafunga safari

Siku ya kwanza, London

Kabla sijaanza ngoja nieleze nimefikaje huku, maana bila hivyo hamtaelewa mtu mzima anazunguka na begi kwa ajili ya atomu. Mwaka 2013 mi na jamaa yangu mmoja, anafundisha fizikia, sisi wote tunamwita Mwalimu, tulibishana karibu usiku mzima. Mi nasema antimaada, ile pacha ya maada ya kawaida yenye chaji kinyume, ukiiachia inapanda juu, yeye anasema itaanguka kama jiwe. Mwaka huohuo watu wa jaribio la ALPHA pale CERN, ile maabara kubwa ya fizikia karibu na Geneva, walikuwa wametoa kipimo chao cha kwanza, na kipimo chenyewe kilikuwa kipana balaa: antihaidrojeni, yaani atomu ya haidrojeni ya upande wa antimaada, haiwezi kuanguka kwa zaidi ya mara 110 ya kawaida, wala kupanda kwa zaidi ya mara 65. Yaani ni sawa na kuuliza mgeni anafika lini ukaambiwa kati ya juzi na mwakani. Kwa hiyo kila mtu alikuwa huru kuamini anachotaka, mi nikaamini cha kwangu, tukawekeana dau. Atakayeshindwa afunge safari awafuate wote waliomshinda, waliokufa na walio hai, aandike siku kwa siku amtumie mwenzake.

Septemba 2023 jibu likatoka. Nikakaa kimya. Mwalimu naye akakaa kimya, ila kila mwezi wa tisa ananitumia picha ya tufaa linaanguka, hana hata maneno. Dawa ya deni kulipa, basi nimeanza.

Nimeanzia kanisa la Westminster Abbey kwa sababu hapo wako wawili kwa mpigo. Newton ana mnara mkubwa wa kumbukumbu, yeye mwenyewe kachongwa kajilaza kiwiko kiko juu ya vitabu, na chini yake kuna watoto wamechongwa wanacheza na vyombo vyake, mmoja anapima jua na sayari kwa mizani. Nimesimama hapo muda mrefu nawaza kitu ambacho watu hawakisemi sana kuhusu huyu mzee. Kila mtu anajua habari ya tufaa, lakini kwenye kitabu chake cha 1687 kuna jaribio tamu kuliko tufaa. Alitengeneza pendulamu mbili zinazofanana, akawa anajaza vitu tofauti ndani yake: dhahabu, fedha, risasi, kioo, mchanga, chumvi, mbao, maji, ngano. Alitaka kuona kama kuna kitu ambacho mvutano wa dunia (graviti) unakipendelea au unakionea. Hakuna. Vyote vilibembea pamoja. Sasa ukiangalia vizuri swali langu la 2013 ni hilohilo, orodha tu imeongezeka kitu kimoja ambacho Newton hakuwa nacho mfukoni.

Hatua chache kutoka hapo kuna jiwe la kijani sakafuni, dogo, ukiwa na haraka unalikanyaga. Ni la mwanafizikia Paul Dirac. Yeye mwenyewe kazikwa Marekani, hapa aliwekewa kumbukumbu mwaka 1995, na kwenye jiwe kuna mlinganyo wake umechongwa. Mlinganyo huo wa 1928 ulikuwa unaelezea elektroni, lakini ukawa unatoa majibu mawili mawili, kama ukiuliza kipeuo cha pili cha 4 unapata 2 na pia hasi 2, na ukisema hasi haina maana unakuwa umedanganya hesabu. Dirac alihangaika nayo miaka kama mitatu, kwanza akadhani labda hilo jibu la pili ni protoni, ikakataa, halafu 1931 akakubali akasema basi lazima kuna chembe nyingine, uzito uleule wa elektroni, chaji kinyume. Mwaka uliofuata Carl Anderson kule California akaipiga picha ndani ya chemba ya mvuke, mstari mmoja umepinda upande usiotakiwa. Positroni hiyo.

Nimemtumia Mwalimu picha ya jiwe. Kajibu: "Ndugu yangu, hapo ndo ulipopotelea. Uliona neno hasi ukadhani ni la uzito."

Kweli kabisa, hapo ndipo nilipopotelea. Kesho nitaeleza, leo miguu imekufa.

Siku ya pili, kwenye treni

Treni mpaka Paris, kuvuka mji, treni nyingine mpaka Basel, nyingine tena mpaka Bern. Siku nzima ya kukaa, ndo nikafungua daftari.

Hili kosa nilifanya mi, na naona watu wengi mtandaoni bado wanalifanya. Antimaada si maada yenye uzito hasi. Kinachogeuka ni chaji na vitu vya namna hiyo, tungamo iko palepale na ni chanya. Ushahidi wake wala hauhitaji CERN, upo hospitali. Kwenye ile skani ya PET wanakuwekea mwilini dawa yenye florini-18, inatoa positroni, positroni inakutana na elektroni yako papo hapo, zote mbili zinapotea, zinatoka miale miwili ya gama ikielekea pande mbili tofauti, kila mmoja una nishati ya kiloelektronivolti 511, na mashine inafuatilia ilipotokea. Sasa jumlisha. Kama positroni ingekuwa na tungamo hasi, tungamo chanya ya elektroni na tungamo hasi ya positroni zingejumlishwa zikatoa sifuri, isingetoka miale yoyote. Lakini inatoka, tena nishati ya tungamo zote mbili. Hesabu ya darasani kabisa na mi sikuwahi kuiwaza.

Na kuhusu uzito hasi wenyewe, Hermann Bondi aliufanyia hesabu mwaka 1957 ndani ya nadharia ya Einstein akapata kituko. Ukiweka tungamo hasi karibu na tungamo chanya, ile chanya inasukumwa ikimbie, ile hasi inavutwa iifuate, basi zinakimbizana milele kasi inaongezeka na hakuna anayezisukuma. Nimecheka peke yangu kwenye behewa mpaka mama mmoja wa kiti cha mbele akageuka.

Lakini angalau sikuwa wa kwanza kuota. Arthur Schuster, mwaka 1898, miaka thelathini kabla ya Dirac, hata elektroni ilikuwa haijazoeleka bado, aliandika kwenye jarida la Nature kitu alichokiita ndoto ya likizo, akawaza kuna maada ya upande wa pili ambayo inavutana yenyewe kwa yenyewe ila inasukumana na hii yetu. Akaiita antimaada. Kwa hiyo neno lenyewe lilizaliwa likiwa limebeba wazo la kupanda juu mgongoni, si kosa langu peke yangu! Halafu yuko Roger Babson, tajiri wa Marekani, dada yake alizama mtoni yeye akaulaumu mvutano, akaandika kwamba mvutano ndiye adui yetu namba moja, na mwishoni mwa miaka ya 1940 akaanzisha taasisi kabisa ya kutafuta namna ya kuuzuia. Akawa anagawia vyuo mawe ya kumbukumbu yenye maandishi ya kuwahimiza wanafunzi watafute kizuizi cha mvutano. Mawe, yaani. Kitu kizito kuliko vyote ndo akakitumia kutangaza wepesi. Taasisi yake ilikuja kuwa ya maana lakini, mashindano yake ya insha yameshirikisha wanafizikia wakubwa kabisa.

Hoja iliyonimaliza ni ya Philip Morrison, 1958. Nitaieleza polepole kwa sababu mi mwenyewe niliisoma mara nne mpaka Basel. Tuseme antimaada inapanda juu kwa nguvu ileile ambayo maada inashuka. Basi ukichukua elektroni moja na positroni moja ukazifunga pamoja, uzito wao ni sifuri, mmoja anavuta chini mwingine juu. Unazipandisha ghorofani bila kutoa jasho. Ukifika juu unaziachia zigusane, zinageuka mwanga. Ule mwanga unaurudisha chini. Na mwanga ukishuka unaongeza nishati, hili limepimwa, Pound na Rebka walilipima Harvard kwenye mnara wa mita 22.5 mwaka 1960. Kwa hiyo mwanga unafika chini una nishati zaidi ya uliyoanza nayo, unautumia kutengeneza elektroni na positroni tena, chenji inabaki. Unarudia. Unarudia tena. Umepata mtambo wa kutoa nishati bure milele na hujalipa popote.

Hakuna kitu kama hicho. Nilifunga daftari nikaangalia dirishani mpaka Bern.

Siku ya tatu, Bern

Nyumba ya Einstein iko Kramgasse 49, mtaa wa zamani wenye matao, mnara wa saa uko palepale karibu. Alikaa hapo na mke wake kati ya 1903 na 1905, vyumba vidogo, ngazi nyembamba ya kupanda ukizunguka. Wakati huo ni karani wa ofisi ya hataza, kazi yake kukagua uvumbuzi wa watu wengine. Nimejiuliza ni wangapi walimletea mashine za nishati ya bure.

Wazo lenyewe lililonileta hapa lilimjia 1907, akiwa bado ofisini humo, mtu akianguka bila kuzuiwa na chochote hatausikia uzito wake. Mwenyewe baadaye alisema ndilo wazo lililompa furaha kuliko yote maishani. Ukilisikia mara ya kwanza unasema ah, hilo nalo. Lakini likalie kidogo. Ndani ya lifti iliyokatika kamba, funguo zako zinaelea mbele yako, simu inaelea, wewe unaelea, na vinaelea pamoja kwa sababu vyote vinaanguka sawasawa, zilezile pendulamu za Newton. Sasa tuseme kuna kipande cha antimaada humo ndani kinapanda juu. Kingekimbilia dari kwa mchapuko mara mbili, na wewe uliyefungiwa ungejua tu, ah, tunaanguka. Wazo lote la Einstein linabomoka kwa sababu ya hicho kipande kimoja. Kwake mvutano si kamba inayochagua ivute nani, ni umbo la nafasi na muda penyewe, na ukishasema hivyo barabara imepinda kwa kila anayepita, awe maada, antimaada au mwanga.

Halafu kuna kitu Mwalimu alinitumia usiku ambacho ningekijua 2013 nisingeweka dau. Tungamo ya protoni, zile kwaki, chembe ndogo zilizomo ndani, zinachangia kama asilimia moja tu hivi. Iliyobaki karibu yote ni nishati, purukushani ya gluoni (chembe zinazozishika kwaki pamoja) na kwaki zinazokimbizana humo. Na hiyo nishati kwenye antiprotoni ni ileile, nishati haina anti yake. Kwa hiyo hata ungesema kwaki pinzani zinapanda juu, ungekuwa umeigusa asilimia moja ya mzigo tu, mzigo wenyewe ungeendelea kushuka.

Nikamuuliza, sasa Mwalimu kama mlikuwa mna hoja zote hizi kwa nini walihangaika kupima miaka yote hiyo? Akajibu kwa sauti, nilisikia na watoto wake nyuma: "Kwa sababu hakuna aliyekuwa ameona ikianguka. Hoja ni hoja, Newton angekuwa na hoja nzuri pia angeacha kujaza zile pendulamu." Nimekubali. Vitu vya kawaida vimepimwa kwa ukali wa ajabu, setilaiti ya Ufaransa MICROSCOPE ililinganisha titani na platini zikianguka kuzunguka dunia, hazikutofautiana mpaka kwenye sehemu moja ya milioni bilioni. Lakini titani na platini zote ni maada.

Siku ya nne, Geneva

Leo ni Jumatatu. Nimepanda tramu namba 18 kutoka kituo kikuu mpaka mwisho wa reli, mwisho wenyewe ndo CERN, nimeshuka kifua mbele, na jengo la maonyesho la Science Gateway limefungwa. Jumatatu hufungwa. Imeandikwa wazi kwenye tovuti, mi sikusoma. Nimemwambia Mwalimu kaniuliza kama hata mlango nao umenishinda dau.

Basi nimezunguka nje. Lile tufe kubwa la mbao liko ng'ambo ya barabara, na Science Gateway yenyewe hata ikifungwa inaonekana, mirija miwili mirefu imeninginia juu ya ardhi kama vile mtu kaipakua kutoka chombo cha anga. Mpaka wa Ufaransa uko karibu sana, unatembea tu.

Nikakaa kwenye benchi nikafanya hesabu ya kitu kimoja kilichokuwa kinanisumbua. Antiprotoni wanazo tangu 1955, Segrè na Chamberlain walizipata Berkeley. Kwa nini wasiziachie tu zianguke waangalie? Jibu ni umeme. Mvutano ni mnyonge sana, hatuutambui unyonge wake kwa sababu dunia ni kubwa. Antiprotoni moja ikiwa inaanguka, na kuna protoni moja, moja tu, imejificha sentimita 12 kutoka hapo, ule mvuto wa umeme kati yao unalingana na mvutano wa dunia nzima. Dunia nzima kwa protoni moja! Na ukijaribu kwa elektroni au positroni ndo mbaya zaidi, chaji moja iliyoko mita 5 inatosha kuharibu kila kitu. Hakuna chumba duniani utakachokisafisha hivyo. Witteborn na Fairbank walijaribu Stanford miaka ya 1960 kudondosha elektroni ndani ya mrija, walitaka baadaye waje kwenye positroni, hawakufika. Kwa hiyo dawa ni kupata kitu kisicho na chaji: antiprotoni moja, positroni moja ikiizunguka, antihaidrojeni. CERN walitengeneza atomu 9 za kwanza mwaka 1995, zilikuwa zinakwenda karibu na kasi ya mwanga, zikapotea kabla hata hujazisalimia.

Njiani kurudi nikakumbuka chura. Mwenye kuamini antigraviti lazima atakuletea video ya yule chura anayeelea, ni ya kweli, Nijmegen 1997, Andre Geim na wenzake, sumaku ya tesla 16. Maji yaliyomo kwenye chura yanasukumwa kidogo na sumaku, na sumaku ikiwa kali kiasi hicho inatosha kumbeba. Lakini mvutano bado unamvuta chura vilevile, haujapungua hata chembe, kuna mkono mwingine tu unamshika kwa chini. Geim alipewa Ig Nobel ya kuchekesha 2000, halafu 2010 akapata Nobel yenyewe kwa grafini.

Siku ya tano, kiwandani

Leo ndo leo. Nimeingia na kundi la wageni, tunaongozwa na dada mmoja anayefanya kazi humuhumu, anaongea taratibu kama anaogopa kuziamsha. Ndani kule mitaa ina majina ya wanafizikia, unapita kwa Einstein unakata kona kwa mwingine. Jengo lenyewe wanaliita Kiwanda cha Antimaada, na kwa nje ukilipita unaweza kudhani ni karakana ya malori.

Ndani ni fujo nzuri. Matofali makubwa ya zege, nyaya, mabomba ya heliamu ya kimiminika, sumaku zimepakwa rangi. Dada kaeleza hivi. Protoni zinaletwa kutoka mashine nyingine zikiwa na nishati ya gigaelektronivolti 26, zinagongwa kwenye metali ya iridiamu, kwenye huo mgongano zinazaliwa chembe za kila aina na chache ni antiprotoni. Hizo zinakusanywa kwenye duara la mita 182 linaloitwa AD. Na hapa ndo pananifurahisha, kila mahali duniani watu wanajenga mashine za kuongeza kasi, hii kazi yake ni kupunguza. Antiprotoni zinaingia karibu na kasi ya mwanga, zinatoka zimebaki na asilimia kama 10 ya kasi hiyo, halafu zinaingia kwenye duara dogo la mita 30, ELENA, linazipunguza tena mpaka asilimia moja na nusu hivi. Breki tupu. Zamani kabla ELENA haijaja walikuwa wanazipitisha kwenye karatasi nyembamba za metali zipungue, na karibu zote zilikuwa zinafia humo.

Mtu mmoja kwenye kundi akauliza swali la bomu, lazima awepo. Dada akacheka, akasema antimaada yote waliyowahi kutengeneza hapa ukiilipua kwa mpigo ingewasha balbu moja dakika chache.

Halafu akatuonyesha ALPHA-g. Kwa mbali tu, mrija umesimama wima kati ya nyaya nyingi, usingeambiwa ungeuruka na macho. Mi nikasimama nikauangalia kama mtu anavyomwangalia hakimu aliyemfunga.

Kinachofanyika humo ndani ni hivi. Unachanganya antiprotoni na positroni kwenye ombwe na baridi kali, zinazaliwa antihaidrojeni, nyingi zinatoroka, chache zile zilizopoa kuliko zote, chini ya nusu kelvini (kelvini sifuri ndo baridi ya mwisho kabisa), zinanaswa na sumaku. Atomu haina chaji lakini ni kasumaku kadogo, kwa hiyo uga wa sumaku ukiwa dhaifu katikati na mkali pembeni inabaki katikati, kama maji kwenye bakuli. Wanarundika mpaka atomu kama 100. Mia moja! Hapa naongelea atomu za kuhesabu kwa vidole vya watu kumi. Halafu sumaku ya juu na ya chini, zilizoachana sentimita 25.6, zinalegezwa polepole kwa sekunde 20, na atomu zinaanza kutoroka, nyingine juu nyingine chini, kila moja ikigusa ukuta inalipuka na ditekta inaandika ilipofia.

Unaweza kusema basi si rahisi, hesabu tu za chini na za juu. Ila ujue hizo atomu hazijatulia, nusu kelvini kwetu ni baridi ya kutisha lakini kwa atomu nyepesi hivyo bado ni kukimbia mita makumi kwa sekunde, ukitupa jiwe juu kwa kasi hiyo linavuka ghorofa ndefu. Kwa hiyo mvutano kwenye hizo sentimita 25 ni mnong'ono katikati ya disko. Na sumaku ya juu na ya chini zisipolingana kidogo tu inafanana na mvutano. Kidogo kiasi gani, nimepiga hesabu mwenyewe nikahakikisha: gausi 4.5 hivi, mara tisa tu ya ule uga wa dunia unaogeuza dira, wakati sumaku zenyewe za mtego ni za maelfu ya gausi. Wakaugeuza huo udhaifu kuwa silaha. Walifanya makusudi, wakaongeza sumaku ya chini kidogo, jaribio linalofuata wakaongeza ya juu, kutoka kiasi cha kuubeba mvutano mara tatu mpaka kuuongeza mara tatu, wakaangalia ni kwenye hatua gani atomu zinatoka nusu kwa nusu. Kama antimaada haisikii mvutano, nusu kwa nusu ingekuja sumaku zikilingana. Kama ingekuwa ya kwangu mi ya kupanda juu, ingekuja upande mmoja. Ilikuja upande mwingine. Na sumaku zikilingana kabisa, sehemu kubwa kabisa zinatokea chini, kama asilimia 80 hivi, kile ambacho maada ya kawaida ingefanya.

Nimesikiliza yote hayo nimekunja mikono. Nilitegemea nitasikia vibaya kidogo, kama timu yako imefungwa, lakini wala. Kitu nilichokuwa naota kilikuwa cha kuelea, hawa wamefanya kigumu zaidi, wamekikamata kitu ambacho kikigusa chochote kinakufa, wakakishika bila kukigusa, wakakiachia kwa ustaarabu, ili tu waone kinaangukia wapi. Na walijua kinaangukia wapi.

Kabla ya kutoka dada kasema kitu kimoja kuhusu majirani wa ALPHA humohumo, jaribio la BASE, ambao waliwahi kuzitunza antiprotoni siku 405 kwenye mtego mmoja. Oktoba 2024 walichukua protoni 70, za kawaida, wakazifungia kwenye mtego wenye sumaku yake na baridi yake, wakaupakia kwenye lori wakazungushia hapa kwenye eneo la CERN, zikarudi zote salama. Lengo la kazi yote hiyo ni kuzihamisha antiprotoni zenyewe kwenda kwenye maabara tulivu, kwa sababu sumaku za kiwanda hiki zinavuruga vipimo. Lori limebeba vitu 70 na vyote havifikii uzito wa vumbi. Dereva sijui alikuwa anaendeshaje kwenye matuta.

Siku ya sita, uwanja wa ndege

Fupi tu, wameshaita abiria. Begi langu limezidi uzito, nimelazimika kuvaa koti juu ya koti, naomba hilo lisitumike dhidi yangu.

Jana usiku nilirudi kusoma namba yenyewe, maana miaka yote hii nilisikia tu kwamba imeanguka, imeanguka, sikuwahi kuangalia imeanguka kiasi gani. Mchapuko wa antihaidrojeni ulitoka 0.75 ya ule wa kawaida. Sifuri nukta saba tano! Nikampigia Mwalimu saa hiyohiyo, alikuwa amelala.

"Mwalimu, robo yangu iko wapi?"

"Robo ipi?"

"Imeanguka kwa robo tatu. Robo iliyobaki ni ya kwangu, ndo ilikuwa inataka kupanda."

Akakohoa, akawasha taa, nikasikia. "Umesoma makosa ya kipimo? Kuna 0.13, halafu kuna 0.16 ya uigaji wa kompyuta. Vijumlishe, moja imo ndani. Hiyo robo ni ukungu."

"Ukungu unaweza kuficha kitu."

"Unaweza. Lakini bado hujaona kitu."

Hapo kweli. Ila wenyewe ALPHA wanataka kushuka mpaka ukali wa asilimia moja, wanajifunza kuzipoza atomu kwa leza ziwe na utulivu zaidi, kwa hiyo ukungu utaondoka, tutaona nani kasimama wapi. Tumewekeana dau jipya palepale saa nane usiku, mkewe ni shahidi kwa kulalamika. Yeye kashika moja kamili. Mi nimeshika chini ya moja, hata kwa nywele. Atakayeshindwa safari hii anaenda Bremen, kule Ujerumani kwenye mnara wa mita 146 ambako wanadondosha vifaa vya majaribio ndani ya mrija wa ombwe, mita 110, sekunde 4.7 kila mmoja, anakaa hapo wiki nzima na anaandika kila kilichoanguka.

Kasema nianze kutafuta daftari.